Chumvi Bustanini kwa Mwanakheri

Tungule za Bi Mwanakheri, nyanya alizozipanda mwenyewe, zilianza kuungua majani kabla hazijatia hata maua. Haikuwa kuungua kwa jua, maana jua la Kiwengwa alilijua tangu utotoni, na alijua linavyolilegeza jani mchana na kuliachia jioni likajiinua tena. Kuungua huku kulianzia nchani. Ncha inakauka, inakuwa kahawia kama karatasi iliyopitishwa motoni, kisha ukavu unatambaa pembezoni mpaka jani zima linajikunja. Mabilingani yakafuata. Pilipili hoho zikadumaa kama zimekatazwa kukua. Na kila alipoziona hivyo, Mwanakheri alifanya ambalo mkulima yeyote angelifanya: alizidisha maji.

Mwanakheri binti Mcha alikuwa mwanamke wa makamo, mrefu, mwenye sauti iliyozoea kumwita mtu aliye mbali. Mumewe alikuwa ameachana naye zamani, na watoto wake wawili alikuwa amewalea kwa bustani ile. Ardhi ya upande wao ni maweni matupu. Udongo unakaa kwenye vishimo na mianya ya mawe, na mwenye kutaka bustani lazima aukusanye. Baba yake, Mzee Mcha, alitumia nusu ya umri wake kuukusanya kwa pakacha, na nusu nyengine kuchimba kisima kilichokuwa uani. Enzi zake watu walikuja na ndoo kutoka mbali kufuata "maji ya kwa Mcha," kama mtu anavyofunga safari kufuata halwa nzuri. Mfereji ulipofika kijijini, kila nyumba ilivuta bomba isipokuwa ya Mwanakheri. Alisema hawezi kulipia maji ya watu na kisima cha baba yake kipo.

Mwaka juzi mwanawe Khatib, aliyekuwa akifanya kazi hotelini Kendwa, alimletea pampu ya umeme. Alikuja nayo ndani ya boksi, akaifunga mwenyewe, akaunganisha mpira mrefu, akamwambia mama yake, "Mikono yako ishachoka na kamba. Kuanzia leo unabonyeza tu." Mwanakheri alilia siku ile. Bustani akaipanua mara mbili, na mpishi wa hoteli moja ya jirani akawa anachukua tungule zake zote.

Sasa zilikuwa zinakufa, na yeye hajui kwa nini.

Asubuhi moja, akipalilia, aliona utando mweupe juu ya udongo, mwembamba kama ukungu wa juu ya mkate uliokaa. Aliupangusa kwa kidole akautia ulimini. Chumvi. Aliinua uso, na kitu cha kwanza alichokiona upande wa pili wa ua wa makuti ni jirani yake, Ummkulthum, akikung'uta mwani mkavu juu ya nyavu kuukuu. Vumbi jeupe lilimpanda Ummkulthum mpaka kwenye nyusi, na upepo ukawa unalisukuma huku.

Wawili hao walikua pamoja, wakachezwa ngoma ya unyago pamoja, na kwa miaka mingi hakukuwa na ua baina yao. Lakini Khatib alikuwa amemposa Nassra, binti wa Ummkulthum, kisha akaoa Kendwa kwa watu wengine, na Nassra akabaki na vyombo vya harusi vimekwisha kununuliwa. Tangu hapo kina mama wale walisalimiana kwa adabu tu. Ua wa makuti ulisimamishwa na Ummkulthum mwenyewe.

"Kumbe," Mwanakheri alijiambia peke yake, kidole kingali mdomoni. "Kumbe."

Alikwenda kwa Sheha Msabah, kiongozi wa kijiji, mtu mpole aliyependa mambo yaishe kabla hayajaanza.

"Sheha, nimemwagiwa chumvi bustanini."

"Nani kakumwagia?"

"Mwenye chumvi nnaishi naye ua kwa ua."

Msabah alivua kofia, akajikuna kichwa, akaivaa tena. "Bi Mwanakheri, umemwona?"

"Nimeiona chumvi."

"Chumvi umeiona. Mtu je?"

Mwanakheri alijifunga kanga upya. Sheha akamwambia kwamba kuna vijana wametoka chuoni Tunguu, wanapita vijiji vya mashariki kupima visima na udongo. Wangeweza kuja wakapima, na mashine, alisema, haina jirani wala shoga. Mwanakheri alikubali haraka. Alikuwa na yakini kwamba mashine itamtaja Ummkulthum kwa jina.

Aliyekuja alikuwa mmoja, Munir, mtu wa miaka thelathini na kitu, mwenye miwani iliyomteleza puani kwa jasho. Begi lake lilijaa vichupa. Mkononi alishika kidude kama rimoti ya televisheni, chenye waya, na mwisho wa waya kijiti cheusi kinene kama kalamu. Majirani walishakusanyika. Ummkulthum alisimama upande wake wa ua, mwani mikononi, akitazama juu ya makuti.

"Shikamoo, Bi."

"Marahaba, mwanangu. Kinapima nini hicho?"

"Kinapima jinsi maji yanavyopitisha umeme."

Mwanakheri alirudi nyuma. "Umeme? Kisimani kwangu? Waya wa pampu umevuja?"

Watu walicheka. Yeye hakucheka, kwa sababu kwa kitambo kidogo aliamini kwamba amekuwa akinywa umeme.

"Hapana, Bi, hakuna kilichovuja," Munir alisema. "Maji yasiyo na kitu ndani yake hayapitishi umeme, ila kidogo mno. Ukiyatia chumvi, yanapitisha. Ikizidi chumvi, yanapitisha kwa wepesi zaidi. Basi sisi tunapitisha umeme kidogo, hata dagaa hawezi kuusikia, tunaangalia umepita kwa wepesi gani. Hapo tunajua chumvi ni kiasi gani."

"Na kwa nini msionje tu?"

"Ulimi wa kila mtu una mambo yake."

Alichota udongo karibu na ua, pale unapoangukia unga wa mwani, akachota na mwengine katikati ya matuta ya tungule. Kila udongo aliutia kwenye kichupa chake, akamimina maji ya betri, yale safi wanayotia mafundi wa magari, akavitikisa, akaviweka kivulini vitulie. Mwanakheri aliwatilia chai wakati wakingoja. Sheha alichukua kikombe akakishika tu. Munir alipiga funda moja, akakitazama kikombe, akamtazama sheha, kisha akakiweka chini taratibu. Mwanakheri alidhani ni haraka ya kazi.

Maji ya vichupani yalipotulia, Munir alizamisha kijiti, akasoma, akasuuza, akazamisha tena.

"Udongo huu una chumvi," alisema.

"Mmesikia!" Mwanakheri aligeuka kwa watu, kanga ikamdondoka begani. "Mmesikia wenyewe! Mlisema nina wazimu!"

"Lakini, Bi, ngoja. Hapa kwenye ua kuna chumvi kidogo. Huku katikati ndiko kuna nyingi."

"Kwa sababu aliingia akamwaga katikati. Anayetaka kukuangamiza atamwaga pembeni?"

"Mimi?" Ummkulthum alisema kutoka upande wake. "Niingie kwako, na magoti haya?"

Sheha aliinua mikono yote miwili. Munir, aliyekuwa sasa anatoka jasho la pili, akasema kwamba kama hivyo basi na apime maji pia. Alishusha chupa kisimani, akaipandisha, akazamisha kijiti.

"Tatu nukta tisa," alisoma kwa sauti.

Mtu mmoja alimletea bilauri ya maji ya mfereji kutoka kwa Ummkulthum. Akazamisha humo.

"Mia sita na arubaini."

Watu walitazama bilauri, wakatazama kisima. Kisha Mwanakheri akapiga kigelegele kilichowafanya kuku wa nyumba ya tatu wakimbie. Kisima cha baba yake tatu na kitu, mfereji wao wa kulipia mia sita! Wanawake wengine waliitikia. Wengine walitazamana wakiwaza watoto wao wamekunywa nini miaka yote hii.

"Kwa hivyo maji ya mfereji ndiyo yenye chumvi?" sheha aliuliza.

Munir alivua miwani, akaifuta kwa fulana, akaivaa, akakisogeza kidude karibu na uso. "Ngojeni," alisema. "Jamani, ngojeni kwanza." Pembeni mwa namba palikuwa na herufi ndogo ambazo mwanzo hakuzisoma. "Mashine hii inabadilisha kipimo yenyewe. Ile tatu nukta tisa ni ya kipimo kikubwa. Hii mia sita ni ya kipimo kidogo. Ni kama kilo na gramu. Kilo tatu na gramu mia sita, kipi kizito?"

Watu walianza kuhesabu kwa vidole.

"Maana yake kisima ndicho chenye chumvi," Munir alimalizia kwa sauti ya chini. "Kama mara sita ya mfereji."

"Sasa hivi si umesema tatu?" Mwanakheri aliuliza.

"Nilisema. Nilisoma haraka. Nisamehe, Bi."

"Mara tatu, mara elfu tatu. Mashine yako inalewa?"

Mtu nyuma alinong'ona kwamba kijana keshapewa kitu. Mwengine akasema hapana, hesabu ndivyo zilivyo. Wakaanza kubishana wenyewe kwa wenyewe juu ya kilo na gramu, na mmoja alikuwa na hakika kwamba gramu ni kubwa. Mwanakheri alisogea mpaka mbele ya Munir. Hasira zilikuwa zimempungua, na kilichobaki kilikuwa kama kuomba.

"Mwanangu, maji haya nimeyanywa tangu nilipozaliwa. Nimeyanywa leo asubuhi. Yangekuwa na chumvi, si ningejua?"

Munir alikitazama kile kikombe alichokiweka chini. "Mashine ndivyo inavyosema, Bi," alisema.

Walipokwisha kuondoka wote, Mwanakheri alichota maji akanywa. Matamu. Akanywa tena, akiyazungusha kinywani. Matamu vile vile. Akachukua bilauri nyengine, akatia chembe ya chumvi ya jikoni, akakoroga, akaonja: hii ndiyo chumvi. Akarudi kwenye ile ya kwanza: haina. Alikaa na bilauri mbili mbele yake, na kadiri alivyozidi kuonja ndivyo alivyozidi kutojua anachokitafuta. Alasiri ikafika. Akawasha pampu, akamwagilia.

Siku hizo hizo binti yake, Yusra, alijifungua mtoto wa kiume mjini. Yusra alikaa na mumewe Mahfoudh ghorofani, kwenye nyumba kuukuu ya Mkunazini yenye ngazi za mbao zinazolia, na ilikuwa zamu ya Mwanakheri kwenda kumlea mzazi. Alimwachia binamu yake bustani na swichi ya pampu, akafunga nguo zake, akaenda.

Mji ulimkaribisha kwa chai iliyopooza. Alipoinywa aliona kama maji yamechemshwa mara mbili yakatokwa na roho. Sukari ipo, hiliki ipo, lakini kuna kitu hakipo, na hakuweza kukitaja. Wali wa mjini nao ulikuwa hivyo hivyo. Kesho yake aliingia jikoni mwenyewe, akampikia Yusra uji wa pilipili manga, akautengeneza kama anavyoutengeneza nyumbani, akauonja, akauona haujakaa sawa, akaongeza chumvi, akauonja, akaongeza.

Yusra alipiga funda la kwanza akalirudisha kwenye bakuli. "Mama! Umetia chumvi ngapi?"

"Kidogo tu."

"Huu mtu anaweza kuelea juu yake."

Mahfoudh alikuwa mkwe mwenye adabu zake. Mchana alikula mchuzi wa mama mkwe wake mpaka mwisho, akasema, "Tamu, mama, tamu sana," kisha akanywa jagi zima la maji bila ya kupumzika. Mwanakheri alimtazama koo likipanda na kushuka. Alijiuliza kama amezeeka. Alikumbuka bibi yake, mama wa baba yake, ambaye mwishoni alikuwa akisahau kama keshatia chumvi akatia tena. Siku zilizofuata alimwachia Yusra amwelekeze kiasi, na akapika kwa kiasi cha watu wengine, naye mwenyewe akala bila ya ladha, kama mtu mwenye mafua.

Kidogo kidogo, ladha ikarudi. Hakuijua siku gani. Alijikuta tu anamaliza kikombe na kuomba cha pili, na ule wali aliouona mkavu ukawa wali. Alisema kimoyomoyo kwamba maji ya mjini yamemkubali. Mtoto alipoanza kutabasamu, na Yusra akaanza kushuka ngazi mwenyewe, Mwanakheri aliaga akarudi Kiwengwa.

Alifika na kiu. Hakuangalia hata bustani. Aliingia ndani moja kwa moja, akachukua kata, akachota mtungini, akanywa.

Akayatema.

Binamu yake, alidhani, ameuosha mtungi kwa maji ya pwani. Aliumwaga wote, akausugua, akaenda kuwasha pampu, akakinga maji mapya yakitoka mpirani. Akaonja. Chumvi. Aliyaacha yatoke kwa muda, akaonja tena. Chumvi, na tena inayokaa nyuma ya ulimi. Alishusha ndoo kwa kamba, kama zamani, akachota ya juu. Kidogo afadhali, lakini chumvi.

Alikaa kitako juu ya ukingo wa kisima, ndoo mapajani, kanga imerowa. Mbele yake tungule zilikuwa zimebaki vijiti. Hakuzitazama. Alikuwa anajaribu kuamua jambo moja dogo ambalo lilimshinda: auamini ulimi upi? Ule aliondoka nao, uliokuwa na yakini mpaka ukapiga kigelegele mbele ya watu, au huu aliorudi nao? Zote mbili zilikuwa ndimi za kinywa kimoja. Na kama ule wa zamani ndio uliokosea, ulianza kukosea lini, na katika muda huo ulikosea nini chengine?

Jioni alizunguka ua wa makuti akapiga hodi.

Ummkulthum alikuja akikausha mikono kwenye kanga. Alimwona ni nani, akasita. "Karibu. Yusra hajambo?"

"Hajambo. Kapata mtoto wa kiume. Nipe maji ya kunywa."

Ummkulthum alimletea bilauri ya maji ya mfereji. Mwanakheri alikunywa yote. Yalikuwa sawa na ya mjini. Alikaa kwenye kibao bila ya kuambiwa.

"Ummkulthum, nikuulize. Chai yangu ikoje?"

"Chai yako?" Ummkulthum alianza kukusanya nyavu ambazo hazikuhitaji kukusanywa. "Mwanakheri, usinitie majaribuni."

"Niambie."

"Ina chumvi."

"Tangu lini?"

"Mwaka juzi. Mwanzo kidogo, nikadhani umekosea kopo la sukari. Baadaye ikazidi. Siku ya harusi ya Khatib watu walikuwa wanaimwaga kwenye migomba. Mimi ndiye niliyewaambia wanyamaze, ni siku ya furaha ya mtu."

Mwanakheri alihisi uso unapata moto. Alikumbuka vikombe vilivyobaki nusu, watu wenye haraka, Munir na lile funda moja. "Na wewe hukuniambia."

"Ningekwambia vipi? Mwanangu kaachwa na vyombo ndani, halafu mimi nije nikwambie chai yako haifai? Ungesema nini?"

Angesema ni kisirani tu cha mama mwenye kinyongo. Angelisema hata kabla Ummkulthum hajamaliza. Mwanakheri alijua hivyo, akatazama chini.

"Nilikushitaki kwa sheha," alisema.

"Nilikuwepo, mwenzangu. Nilikusikia na kigelegele."

Ummkulthum ndiye aliyeanza kucheka, akijizuia kwanza, kisha akashindwa. Mwanakheri alicheka naye mpaka machozi, ingawa hakuwa na hakika kama machozi yote ni ya kicheko. Baadaye akauliza habari za Nassra, akaambiwa kaolewa Makunduchi na anatarajia mtoto. Hakuomba radhi kwa maneno, hakuyapata. Aliinuka akashika ncha mbili za nyavu, na wakausogeza mwani wote kwa pamoja upande wa pili wa uwanja, mbali na ua.

Munir aliitwa tena. Safari hii Mwanakheri hakualika mtu, akamtilia chai ya maji ya mfereji, na kijana akanywa vikombe viwili.

"Soma na ile herufi," alimwambia alipotoa kidude.

"Ntaisoma, Bi."

Alipima maji kabla ya kuwasha pampu. Kisha wakaiwasha, wakaiacha ivute, na akawa anapima kila mara. Namba ilipanda, ikapanda, mpaka Mwanakheri asiyejua kipimo aliona kwa uso wa Munir kwamba ni nyingi. Walipoizima na kukiacha kisima kipumzike, ikashuka, lakini haikurudi pale ilipoanzia.

Munir alimweleza akichora mchangani kwa kijiti. Mvua inanyesha, inapita kwenye mianya ya maweni, inashuka. Chini kabisa bahari imepenya ndani ya jiwe, mpaka huku ndani ya nchi. Maji matamu yanakaa juu ya yale ya bahari, tabaka jembamba, kama samli juu ya mchuzi. Ndoo inaengua samli. Pampu ikivuta kwa nguvu na kwa muda mrefu, mchuzi unapanda.

"Halafu mimi nikazidisha maji," Mwanakheri alisema.

"Jua likayakausha, chumvi ikabaki. Kesho yake ukaongeza."

Alitazama mkono wake. Mkono uliomwagia chumvi bustani yake, asubuhi na jioni, kwa mapenzi, ulikuwa huu ulioshika birika. "Kwa hivyo ni pampu ya Khatib."

"Pampu ni sehemu, Bi. Mahoteli nayo yana visima virefu, yanavuta mchana kutwa. Mvua si zile. Na bahari yenyewe wanasema inapanda. Kila kimoja kimetia mkono wake."

"Kipi zaidi?"

"Sijui."

"Mashine haisemi?"

"Mashine inasema chumvi ngapi. Haisemi ya nani."

Hilo ndilo lililomkera kuliko yote. Alipokuwa akimdhania Ummkulthum alilala usingizi. Sasa alikuwa na hoteli, na mvua, na bahari, na mwanawe, na yeye mwenyewe, na hakuna hata mmoja anayeweza kumpeleka kwa sheha.

Khatib alikuja Ijumaa baada ya sala. Mama yake alikuwa amemwambia kwa simu, lakini kwa simu alizungukazunguka sana hata Khatib hakuelewa, akadhani pampu imeungua. Alipoelewa alisimama juu ya kisima akitazama ndani.

"Mimi nilitaka upumzike," alisema.

"Nnajua."

"Nilimuuliza fundi. Alisema ina nguvu, itakufaa."

"Ilinifaa, Khatib. Wallahi ilinifaa."

Khatib alifungua nati moja moja, akaivuta pampu juu na bomba lake likidondosha maji, akailaza kwenye gunia. Mwanakheri alitaka kumwambia kwamba si kosa lake, na alikuwa karibu kusema, lakini alijiuliza kama ni kweli, na kama si kweli kabisa, na katika kujiuliza wakati wa kusema ukapita. Akamwambia aje ale, samaki watapoa. Khatib alikula kidogo. Alipoondoka aliiacha pampu ilipo, na ikabaki pale uani, kwenye gunia lake, kwa sababu hakuna aliyethubutu kuamua iende wapi.

Munir alimshauri asipande kitu mpaka masika yaoshe udongo. Kwa mara ya kwanza tangu baba yake afe, bustani ya kwa Mcha ilikaa wazi, na watu waliopita walimuuliza kama anaumwa. Mvua zilikuja kwa kusuasua, kisha zikaja kweli kweli. Baada yake Munir alipita akapima, akasema imepungua, haikwisha. Mwanakheri alipanda nusu tu, ile iliyo mbali na kisima, akamwagilia kwa ndoo, kidogo na kwa mkono. Tungule zilitoka ndogo, majani mazima. Mpishi wa hoteli alikuwa keshapata mtu mwengine wa Bumbwini. Bomba la mfereji nalo alilivuta mpaka jikoni, na siku fundi alipolifungua Mwanakheri aliingia chumbani ili asione.

Mradi wa Munir ukamalizika mwaka uleule, na hakuna aliyerudi kupima. Kijijini wapo wanaosema mpaka leo kwamba mashine ililewa, na mmoja wao huapa kwamba aliiona kwa macho yake tatu nukta tisa. Mwanakheri hawapingi. Hana namba ya kuwapa.

Kila baada ya muda humwita Ummkulthum waje waonje kisima. Huinama juu ya ndoo moja, kila mmoja na kata yake.

"Imo," Ummkulthum husema.

"Mimi naona haimo."

"Imo, Mwanakheri. Kidogo, lakini imo."

Mwanakheri huonja tena, akifumba macho, akitafuta nyuma ya ulimi. Siku nyengine huipata, siku nyengine haipati, na siku nyengine hushuku kwamba mwani umemharibia Ummkulthum kinywa kama kisima kilivyomharibia yeye. Kisha humimina maji yaliyobaki kwenye matuta, taratibu, tuta moja moja, na Ummkulthum humshikia ndoo.